Mlango wa Choo, Bila Kitasa

Fundi cherehani mmoja, mwanamke wa miaka sitini na tisa ambaye mtaa mzima ulimwita Kibindo kwa sababu ya mahali alipozoea kuficha pesa zake, alikuwa na utaratibu wa kushona ambao mafundi wenzake waliuona wendawazimu. Hakudai nusu mbele wala hakukopesha nguo. Mteja alilipa alichonacho, na Kibindo akashona kiasi hicho hicho. Ukileta ya mkono, anashona mkono. Ukileta ya kola, anashona kola. Vipande vilining'inia ukutani kwenye misumari, kila kimoja na karatasi ya jina iliyochomwa pini, na mwenye nguo aliruhusiwa kuja kuvitazama saa yoyote. Kuna mwalimu aliyekuja kila Jumatatu kwa miezi minane kuutazama mguu mmoja wa suruali yake.

"Naona tunaendelea," alikuwa akisema.

"Tunaendelea, mwalimu. Ila usiahidi kuhudhuria harusi."

Na muda haukuwa na bei. Miezi miwili au miaka miwili, suruali ni ile ile na pesa ni ile ile. Kibindo alikuwa na binti mmoja tu, aliyekulia chini ya meza ya kukatia vitambaa, akicheza na vifungo na kusikiliza mama yake akiwaambia watu, "Polepole tu, hakuna anayekukimbiza." Huko chini ya meza ndiko binti alikopatia akili yake ya biashara: ukiruhusiwa kulipa kidogo kidogo kwa muda mrefu, basi aliyekuruhusu amekuhurumia. Hakuna aliyemfundisha. Aliokota tu, kama alivyookota vifungo.

Sasa binti alikuwa mke wa mtu na mama wa mtoto wa miaka mitatu, na walitaka nyumba. Kibindo akauza chumba cha mbele cha duka lake kwa fundi wa simu, akahamisha vyerehani vyake viwili hadi chumba cha nyuma chenye dirisha moja, na milioni kumi alizopata akaziweka benki ziwe kianzio cha nyumba hiyo. Hakuwa na akiba nyingine. Zikienda hizo, alibaki na chumba cha nyuma, vyerehani viwili na macho ambayo siku hizi uzi mweusi yaliuona pale tu ulipopenda wenyewe.

Jumatano, saa tisa alasiri, binti alifika na mumewe. Huyu mume alikuwa muuzaji katika duka la vifaa vya ujenzi, na watu walimwita Tai, kwa kuwa alipima misumari na kuhesabu mifuko ya saruji akiwa amefunga tai shingoni, jua lake mvua yake. Mkwe mwema, hana makuu. Kasoro yake ni moja: bei ya kila kitu ilikuwa kichwani mwake, na ilimtoka bila kuombwa. Hata msibani aliwahi kuwanong'oneza wafiwa bei ya vishikio vya jeneza.

"Shikamoo, mama," alisema.

"Marahaba, mkwe. Kaa, ila si juu ya hilo furushi. Hilo ni mgongo wa koti la mtu."

Binti alitoa karatasi kwenye bahasha, uso umemng'aa. "Mama, tumepata. Ijumaa tunasaini. Nyumba ni milioni hamsini. Kumi ni zako, arobaini benki inatukopesha. Na rejesho la kila mwezi nimewabana mpaka limeshuka: laki tano na elfu kumi na mbili na mia tatu."

"Kwa muda gani?"

"Miaka ishirini na mitano. Hakuna mrefu zaidi ya huo. Wengine wanaomba hawapati."

Alisema kama mtu aliyeongezewa mnofu kwenye sahani. Kibindo alichukua chaki. Alisoma mpaka darasa la saba basi, lakini kuzidisha ndilo somo pekee ambalo hakuwahi kuchapiwa. Akaandika rejesho juu ya kitambaa cheusi kilichotandazwa mezani, chini yake akaandika mia tatu, ambayo ndiyo miezi ya miaka ishirini na mitano, akapiga mstari.

"Mama, hiyo ni sketi ya mtu."

"Chaki inafutika."

Jibu lilikuwa milioni mia moja hamsini na tatu, laki sita na elfu tisini. Akalikagua tena kuanzia chini kwenda juu, maana macho yake aliyajua.

"Nyumba mnazonunua ni ngapi?"

"Moja, mama."

"Hapa mnalipia tatu. Hizo mbili atakaa nani?"

Tai alilegeza tai. "Mama, haihesabiwi hivyo. Sasa hivi tunalipa kodi laki tatu na nusu kila mwezi, yote inaishia kwa mwenye nyumba, hatubaki na hata kokoto. Halafu mshahara utapanda, na pesa yenyewe itashuka thamani. Hiyo laki tano, miaka kumi na mitano ijayo, itakuwa hela ya mboga."

Kibindo aliipokea hoja hiyo, akaipima, akaiona ina uzito. "Ni kweli. Wala mimi sikatai nyumba, chumba nimeshauza kwa ajili yake. Nauliza bei yake tu."

"Bei ni milioni hamsini," binti alisema, sasa ameanza kukereka. "Kinachobaki ni kulipa tu. Kidogo kidogo mpaka iishe. Si ndivyo unavyofanya wewe?"

Maneno hayo yalimchoma Kibindo kama sindano iliyosahauliwa kwenye pindo. Aliangalia ukuta wake: mikono, kola, ule mguu wa suruali ya mwalimu. Akakung'uta chaki mikononi.

"Kesho nipelekeni huko benki. Nataka nione vipande vyao wanavitundika ukuta gani."

*

Njiani binti alimwomba asiwaaibishe. Kibindo aliahidi, na ahadi ilidumu mpaka mlangoni, ambapo alimuuliza mlinzi kama kiyoyozi nacho wanakilipia wateja.

Ofisa mikopo alikuwa mwanamke kijana mwenye miwani na kucha ndefu zilizogonga kibodi kama kuku anayedonoa bati. Aliwasalimia vizuri, akamvutia Kibindo kiti.

"Karibu, bibi. Nimeambiwa kianzio ni chako. Una swali?"

"Ninalo moja, mjukuu wangu, ila ni la kifundi. Kwangu mtu akileta pesa ya mkono, nashona mkono, anauona umening'inia. Hawa wakikulipa mwezi wa kwanza, laki tano na ushei, ni sehemu gani ya nyumba itakuwa imeshonwa?"

Binti aliinamisha uso. Ofisa alitabasamu, akagonga kibodi, akaangalia kioo, na tabasamu likapungua kidogo.

"Mwezi wa kwanza, bibi, laki tano inakwenda kwenye riba. Kwenye deni lenyewe inaingia elfu kumi na mbili na mia tatu."

"Bawaba tatu," alisema Tai. "Na skrubu zake."

Hakuna aliyemwuliza. Alikohoa, akatazama viatu vyake.

"Bawaba," alisema Kibindo. "Haya, tusikate tamaa, mwezi mmoja si kitu. Mwaka mzima?"

"Mwaka mzima mtakuwa mmelipa milioni sita na karibu laki moja na nusu. Deni litakuwa limepungua..." Kucha zilidonoa. "Laki moja na elfu hamsini na nane."

Wote watatu, hata ofisa, wakajikuta wanamwangalia Tai. Alijaribu kujizuia, mshipa wa shingo ulionekana ukihangaika juu ya kola. Mwisho ikamtoka.

"Mlango wa choo. Wa mbao laini, laki moja na hamsini na tano." Akameza mate. "Bila kitasa."

Na hapo ndipo yeye mwenyewe aliposikia alichosema. Miaka kumi na moja alikuwa ameuza milango, na hajawahi kumwona mtu akitoa milioni sita kwa mlango wa choo.

"Kwa hiyo mwakani siku kama ya leo," Kibindo alisema taratibu, "nikija kuwatembelea, msingi ni milioni kumi zangu, huo uko chini hauonekani. Huku juu, chenu ni mlango wa choo unaojifungua wenyewe. Nusu ya deni itafikiwa lini?"

"Mwaka wa ishirini na moja, bibi."

"Mguu mmoja wa suruali, miaka ishirini. Mjukuu wangu ana miaka mitatu. Mguu huo ukiisha, atakuwa ameolewa na kuachika. Na hiyo riba inaweza kupanda?"

"Mkataba unasema inaweza kupanda au kushuka."

"Umewahi kuiona ikishuka?"

Ofisa alisogeza stepla yake kutoka kushoto kwenda kulia. "Mimi nina miaka minne tu hapa, bibi."

"Na bati likitoboka, benki inaleta bati?"

"Hapana. Matengenezo ni ya mwenye nyumba. Na bima ya kila mwaka pia, laki moja na elfu themanini."

"Ah. Kwenye riba nyumba ni yenu, kwenye bati nyumba ni yao."

Binti aliinua uso. Hakuwa na hasira tena. Alikuwa na ule uso aliokuwa nao utotoni anapovunja sindano ya cherehani.

"Mama, mimi sikuelewa. Nilijua muda mrefu ni unafuu. Wewe mtu unampa miaka miwili na huongezi hata senti."

Maisha yake yote Kibindo alijisifu kwamba amemlea mtoto kwa cherehani bila kumdhulumu mteja. Hakuwahi kufikiri kwamba chini ya meza kulikuwa na mtu anajifunza kuwa dunia nzima inashona hivyo.

"Hilo kosa ni langu, mwanangu. Kwangu muda ni bure kwa sababu suruali ni kitambaa chao wenyewe, kinaning'inia tu, sili wala sinywi kwacho. Hawa wenzetu wametoa pesa yao, kila siku inayolala nje wanaitoza malazi. Si dhambi, ndiyo kazi yao. Ila ulipoomba miaka mingi, hukuomba kuhurumiwa. Ulinunua miaka, na hukuuliza mwaka mmoja ni shilingi ngapi." Akamgeukia ofisa. "Nawe mbona hukuwaambia?"

"Bibi, watu wanaoketi kwenye hicho kiti wanauliza kitu kimoja tu, kwa mwezi ni ngapi. Nikiwatajia kubwa, wanaondoka."

"Basi sisi tumeketi. Tutajie kubwa."

Ofisa alivuta kiti karibu, akakigeuza kioo cha kompyuta wote wakione. Ilionekana hata yeye alikuwa hapati nafasi ya kufanya hivyo mara kwa mara, na aliifurahia. Alianza na miaka kumi: rejesho laki sita na elfu arobaini na tano. Tai akatikisa kichwa kabla hajamaliza. Kisha miaka kumi na mitano.

"Laki tano, elfu hamsini na tisa, na mia nane."

"Rudia."

Alirudia. Kibindo alitoa chaki kwenye kibindo, maana hakutoka bila chaki, na kwa kuwa hapakuwa na kitambaa cheusi, akaandika juu ya pochi ya binti yake. Tofauti ya mwezi ilikuwa elfu arobaini na saba na mia tano. Halafu akazidisha rejesho jipya kwa miezi mia na themanini. Milioni mia moja, laki saba na ushei.

"Kutoka mia hamsini na tatu," alisema Tai. "Karibu milioni hamsini na tatu zinabaki mfukoni. Hiyo ni nyumba nyingine, mama. Na uzio wake, wa nondo."

"Kwa elfu arobaini na saba na mia tano kwa mwezi."

"Ndiyo. Lakini hatuna." Alisema wazi, bila aibu, kama anayemwambia mteja kuwa mzigo umeisha. "Tumepiga hesabu ya kila kitu, mama, mpaka ya chumvi. Ile laki tano na kumi na mbili tumeifikia kwa kuruka. Nikisaini zaidi halafu nikashindwa miezi mitatu, nyumba inauzwa, na kumi zako zinakwenda nayo."

Hapo Kibindo alimheshimu mkwe wake kuliko siku ya posa. Na hapo pia ndipo palipokuwa na mtego wenyewe: akinyamaza, watasaini kifungo cha miaka ishirini na mitano, akiwasukuma, anaweza kuwasukuma shimoni, yeye na chumba chake cha mbele pamoja nao. Alikunja vidole, akahesabu kitu asichokisema, kisha akamtazama Tai kuanzia kwenye tai mpaka kwenye mikono. Mikono ilikuwa mizuri, imetulia. Mkono uliozoea kupima misumari midogo.

"Ufundi wa kushona sare moja ya shule kwangu ni elfu tisa na mia tano. Sare tano ni elfu arobaini na saba na mia tano kamili. Sare zinaletwa, mimi nazikataa. Macho yangu hayawezi tena matundu ya vifungo. Jumamosi mchana huwa unafanya nini, mkwe?"

"Napumzika, mama."

"Ulikuwa unapumzika."

Binti alicheka kwa mara ya kwanza siku hiyo, akaziba mdomo. Tai alimtazama mkewe, akamtazama ofisa, ambaye ghafla alikuwa na kazi nyingi kwenye droo.

"Mama, mimi sijawahi kushika cherehani."

"Nawe ulikuwa hujui bei ya mlango, ukafundishwa. Mimi nitakata na kuunga, wewe utapiga matundu na vifungo. Sare tano kila mwezi. Pesa haipiti kwako wala kwangu, inakuja hapa moja kwa moja. Na milioni kumi zangu zinatoka kwa miaka kumi na mitano tu. Kwa ishirini na mitano, zinarudi nyumbani nami, nimwombe fundi wa simu aniuzie chumba changu, na nyinyi mwendelee na kodi mpaka mpate akili au mpate urithi. Urithi si hivi karibuni, nimepima presha juzi."

"Na ukiugua, mama?" Tai aliuliza. Lilikuwa swali la haki.

"Nikiugua, utakuwa umeshajua kukata. Ndiyo maana tunaanza Jumamosi hii."

Ijumaa walisaini, kwa miaka kumi na mitano. Ofisa alimpa Kibindo nakala ya jedwali la marejesho, kurasa nne zilizopigwa pini, na Kibindo akamwambia kwamba siku akitaka gauni, asilipe mbele.

*

Sare nne za kwanza za Tai zilirudi. Matundu yalikuwa makubwa kuliko vifungo, na mzazi mmoja alisema mwanawe amefika nyumbani shati wazi kama mtu wa ulevini. Kibindo alifumua bila neno, au kwa maneno machache tu. Mwezi wa tatu Tai alipata mkono. Alikaa kwenye cherehani cha pili, karibu na dirisha, tai ameitupia begani isije ikaingia chini ya sindano, na wateja walioingia walipewa bei ya vifungo, ya uzi, na ya kitasa cha mlango wa duka, bila kuuliza. Mwezi wa saba mtoto alilazwa siku sita, pesa ikayumba. Tai alishona sare kumi na moja mwezi huo, akaacha kusema kwamba Jumamosi ni ya kupumzika.

Ukutani, kati ya mguu wa suruali ya mwalimu na mkono wa blauzi, Kibindo alitundika kitambaa cheupe. Juu yake alikuwa amechora nyumba kwa chaki, vyumba vyote, na kila mwezi, ofisa alipotuma salio, alishona kwa uzi mwekundu kile kilicholipwa. Tai ndiye aliyemwambia kilichopatikana. Mlango. Kitasa. Bomba. Vigae, boksi kwa boksi.

Mwaka ulipotimia, deni lilikuwa limepungua kwa laki saba na elfu sitini na tisa. Kibindo alivaa vizuri, akaenda kuwatembelea. Sebule ilikuwa imepakwa rangi, kochi jipya limefunikwa kitambaa, mjukuu akamkimbilia. Binti akamvutia kochi.

"Karibu ukae, mama."

"Hapo? Hapo ni pa benki, nisije nikawachakazia." Akampa mjukuu mkono. "Nionyeshe choo kiko wapi."

Mjukuu akamwongoza ukumbini. Kibindo alifungua mlango wa mbao laini, akaufunga, akazungusha kitasa mara mbili kusikia kinavyokaba. Akashusha kifuniko cha sinki la choo, akaketi juu yake na pochi magotini, akatazama vigae kutoka chini mpaka dirishani.

Baada ya muda binti aligonga. "Mama, uko salama? Chai inapoa."

"Nileteeni humu humu," Kibindo alijibu kutoka ndani. "Humu ndimo kwetu."

Sauti ya Tai ikasikika nyuma ya mlango, ya mtu ambaye amejaribu kujizuia na imemshinda.

"Mama, hicho kifuniko kikivunjika ni elfu ishirini na mbili."